Hakuwa stelingi, lakini sura yake imenikaa

MSOMAJI mpenzi, iwapo ulikulia mitaa ya Eastlands jijini Nairobi kama mimi, bila shaka wavikumbuka vibanda vya video. Ulilipa shilingi tano mlangoni, ukasongamana na wenzako kwenye benchi la mbao, na humo ndani tuliwajua watu wawili tu: stelingi na adui. Wengine wote, waliopika, waliofungua mlango, waliolia msibani, hatukuwahesabu. Aliyeuliza jina la mpishi angechekwa hadi atoke nje.

Basi huenda ukanishangaa nikikuambia kwamba wiki nzima hii nimekuwa nikimwaza mwanamke ambaye kwa miaka mingi alikuwa mmoja wa hao wasiohesabiwa.

Jina lake lilikuwa Stella Zázvorková. Alizaliwa jijini Prague, katika nchi iliyoitwa Chekoslovakia wakati huo, tarehe 14 Aprili 1922. Baba yake, Jan Zázvorka, alikuwa msanifu wa majengo, naye ndiye aliyechora ukumbusho wa taifa ulio juu ya kilima cha Vítkov. Ukiwa Prague, huna budi kuuona jengo hilo ukiinua macho. Binti yake alifuata kazi ambayo mtu anaweza kuifanya umri mzima asionekane.

Alianza kujifunza uigizaji kwa E. F. Burian, bingwa wa tamthilia ambaye Wajerumani walimfunga mwaka wa 1941 na kulifunga jumba lake pia. Vita vilipokwisha alifanya kazi kwa miaka mingi katika majumba ya tamthilia ya jiji la Prague. Aliwahi kuolewa na Miloš Kopecký, mwigizaji mwenzake, lakini ndoa haikudumu. Kopecký akawa mtu wa mabango. Ndiye Baron Munchausen katika filamu ya mwaka wa 1961. Stella naye akapewa jirani, shangazi, mama ya fulani.

Katika mwaka wa 1974, kwa mfano, mwelekezi Václav Vorlíček alitengeneza kichekesho kuhusu majini wa majini (msamehe mwandishi, lugha yetu ndiyo iliyonichezea hapo) wanaoishi Prague na kufungia roho za watu waliozama ndani ya vikombe vyenye vifuniko. Kopecký yumo, ni mmoja wa wakubwa wa majini hao. Stella yumo pia. Ni nani? Mama ya kijana Mráček.

Huenda wewe mwenyewe umemwona bila kujua. Kama umetazama filamu ya Kolja ya mwaka wa 1996, ile iliyotwaa Oscar mwaka uliofuata, wamkumbuka Louka, mpiga selo aliyefukuzwa katika okestra na sasa anapiga muziki mazishini ili apate riziki. Anakubali ndoa ya uongo na mwanamke Mrusi, mwanamke anatorokea Ujerumani Magharibi, na Louka anabaki na mtoto asiyejua hata lugha yake. Mama ya Louka hawataki Warusi hata kuwasikia, kwa sababu mwaka wa 1968 majeshi yao yaliivamia nchi yake. Mama huyo ni Stella. Haonekani muda mrefu, lakini chuki ya nchi nzima imewekwa kwenye uso wa ajuza mmoja.

Nilikaa nikapiga hesabu. Zdeněk Svěrák, anayeigiza Louka, alizaliwa mwaka wa 1936. Kwa hiyo mama amemzidi mwanawe miaka 14 tu! Ama kweli, ukishazoea kupewa umama, wanakupa hata watoto wa rika la wadogo zako. Mwaka wa 1999 wakampa unyanya katika Pelíšky.

Kisha ikaja Babí léto ya mwaka wa 2001. Kwa Kicheki jina hilo ni kama kusema kiangazi cha mabibi, yaani zile siku chache za jua zinazorudi baridi ikiwa imeshabisha hodi. Vladimír Michálek aliielekeza, Jiří Hubač akaandika hadithi. Mzee Fanda, aliyeigizwa na Vlastimil Brodský, hataki kuzeeka. Hujifanya tajiri ili atembezwe katika majumba ya kifahari. Mkewe, Emílie, anaweka akiba ya mazishi. Mzee anaila akiba. Mama, baada ya miaka yote hiyo ya ndoa, anakwenda kortini kudai talaka.

Emílie ni Stella, akiwa na miaka 79. Na filamu hiyo ilimletea tuzo ya Simba wa Cheki, si ya mwigizaji msaidizi, la hasha, bali ya mwigizaji mkuu wa kike. Alifariki tarehe 18 Mei 2005.

Nami nilikosea, msomaji, kwa kuitazama filamu hiyo na mama yangu nyumbani kwake Jericho. Mama ni mweka hazina wa chama cha mazishi. Daftari lake hulala chini ya mto. Nilikuwa nikimtafsiria maandishi ya Kiingereza yaliyo chini ya skrini, naye akawa anatikisa kichwa: "Huyo mama ana akili. Huyo mzee ni mjinga." Mimi nilicheka.

Halafu akatokea mwana wao. Anataka wazee waiache nyumba yao, waende kuishi katika makao ya wazee. Ulimi wangu ukakwama. Mwezi uliopita mimi na ndugu zangu tulikutana, mama hayupo, tukakubaliana kwamba ingefaa arudi mashambani ili nyumba ya Jericho ipangishwe. Hakuna aliyekuwa amemwambia.

"Mbona umenyamaza?" mama akauliza. "Kijana amesema nini?"

Nikamwambia alichosema kijana.

Mama alinitazama kwa muda, kisha akaigeukia runinga.

"Rudisha nyuma kidogo," akasema. "Nataka kumwona tena huyo mama."

Nikarudisha.