Kumbe tulishinda!

Mpenzi msomaji, watu hununiana kwa sababu ya mapenzi au pesa. Mimi na mshikaji wangu wa Lugoba tulinuniana kwa sababu ya gemu, tena gemu lenyewe nusu!

Ilikuwa 2011, tuko darasa la sita. Pale stendi, barabara ya Chalinze–Segera, palikuwa na duka la steshenari lenye kompyuta moja kuukuu. Mwenye duka akimaliza kuchapa barua za watu, alitukodishia nusu saa kwa shilingi 200. Ndani yake mlikuwa na Doom.

Gemu hilo lilitolewa Desemba 10, 1993 na kampuni ya id Software ya Texas, Marekani. Ujanja wao ulikuwa huu: sehemu ya kwanza, yaani demo, unapewa bure, na mwenzako unamnakilia. Ukinogewa, unalipia sehemu mbili zilizobaki. Ni kama muuza nanasi wa Kiwangwa anavyokuonjesha kipande.

Kwa kuwa hela ilikuwa ya kuchanga, tulicheza wawili kibodi moja. Mimi vishale vya kutembea, yeye kitufe cha kufyatua. Mlango ukinguruma, mazimwi yakikoroma, jamani, hata njaa unaisahau! Waliokuja kutoa kopi walisimama nyuma yetu, karatasi mkononi, wakipiga kelele: "Kushoto! Kushoto!"

Siku moja tukafika mwisho, tukaangusha majitu mawili yenye pembe. Duka zima shangwe. Nikasonga mbele palipokuwa na njia. Giza totoro! Tukatafunwa, yakatokea maandishi ya Kiingereza, kwisha kazi.

"Umelala kwenye kitufe!" nikamfokea.

"Nani katuingiza gizani?"

Tukakunjana mashati, mwenye duka akatutimua. Kuanzia hapo hakuna salamu, mpaka namaliza kidato cha nne na kuja zangu Dar.

Mwezi uliopita nikaliona tena kwenye simu ya dogo mmoja hapa Kariakoo. Nikaiazima. Majitu chini, giza, nikatafunwa. Nikarudia mara nne, yale yale. Dogo akacheka: "Kaka, hapo haponi mtu. Ndivyo walivyolitengeneza."

Kweli bwana. Sakafu ya chumba kile yenyewe inakula afya yako, na ikibaki asilimia 10 au pungufu, sehemu ya kwanza imekwisha. Maandishi yale yalikuwa yanatuambia tuendelee na sehemu zinazofuata. Kiingereza chetu cha darasa la sita kikatupitisha kando.

Jumamosi nikapanda basi. Nikamkuta kwenye kokoto, vumbi mpaka kwenye kope. Nikamweleza yote.

"Kwa hiyo tulishinda?"

"Tulishinda."

Akafuta mkono kwenye suruali, akanipa. "Yaani tulipigana siku ya ushindi wetu, na duka zima linatutazama!"

Msomaji, kama nawe kuna uliyemnunia tangu shule, mfuate. Mimi nauli ya Lugoba sikuijutia.