Aliyepanda Saïo

Nyumbani kwetu Kamango hakuna mtoto aliyethubutu kubakiza chakula mbele ya babu. Alitazama sahani, akamtazama mtoto, kisha akatoa neno moja tu: "Lia!" Kwa Kilingala, maana yake ni kula. Lakini sisi tulijua Kitalinga cha nyumbani na Kiswahili cha sokoni, na tulisikia amri ya kulia. Wadogo wetu walilia kweli, machozi yakidondokea sahani. Hiyo ilikuwa miaka ya 1960. Ilinichukua muda mrefu kuelewa kwamba mzee yule hakuwa mkali. Alikuwa ameona njaa.

Kilingala chake alikitoa Force Publique, jeshi la Mbulamatari, yaani serikali ya kikoloni ya Wabelgiji. Chifu aliambiwa atoe vijana, naye akawa mmoja wa waliotolewa. Vita vilipowaka Ulaya, Ujerumani iliiteka Ubelgiji Mei 1940. Watawala wetu wakabaki na Kongo tu mkononi, na watu wa Kongo ndio waliotumwa kuwapigania. Askari wapatao 3,000 na wapagazi wapatao 2,000 walipelekwa kupitia Sudan hadi magharibi mwa Uhabeshi, ambako Waitaliano walikuwa wamejichimbia. Machi 1941 walitwaa Asosa, kisha Gambela. Juu ya Gambela kuna nyanda za juu, na huko Saïo alikaa Jenerali Pietro Gazzera na jeshi kubwa kuliko lao.

Hapo Gambela ndipo "Lia!" ilipozaliwa. Chakula kikawa haba, joto likawachemsha bondeni, ugonjwa wa kuhara na beriberi ukawaangusha watu ambao risasi ilikuwa imewakosa. Babu hakuwahi kutusimulia hayo kwa mpangilio. Yalimtoka kipande kipande, akichonga mpini au akisubiri mvua ipite barazani.

Tendo lake kubwa sikulisikia kwake. Nililisikia kwa rafiki yake, mzee mwingine aliyekuwa jeshini naye, aliyekuja kumwona siku moja kutoka upande wa Mbau. Nilikuwa na miaka kumi hivi, nimekaa mlangoni na jagi la maji ya kunawa. Mgeni alisema kwamba kwenye kijito cha Bortai, chini ya bunduki za Waitaliano, mpagazi mmoja alipigwa na kuanguka ng'ambo. Amri ilikuwa kurudi nyuma. Babu alirudi mbele. Alivuka, akambeba mgongoni, akavuka tena. Walipofika penye miti mtu yule alikuwa amekwisha kufa, na babu alikataa kumtua. Aliendelea kumbeba hadi kambini, akisema mpagazi hakuandikwa jina popote, sharti angalau azikwe na watu wanaolijua.

Mgeni alipofika hapo babu alikuwa ameshanyanyuka na kutoka nje. Nilimwona akizungukazunguka kwenye mibuni, akishika matawi yasiyo na kazi.

Mapema Julai 1941 Gazzera alijisalimisha kwa Jenerali Auguste Gilliaert, pamoja na majenerali wenzake na maelfu ya askari. Karibu watu 500 wa upande wetu hawakurudi, wapagazi wakiwamo. Baadaye jeshi lile lilipeleka askari Nigeria, Misri na Palestina. Kisha wakarudi makwao, na hadi uhuru unaingia mwaka 1960 hapakuwa na Mkongomani hata mmoja aliyepewa cheo cha afisa katika jeshi lile.

Babu alirudi na koti, na kitabu chake cha jeshi, ambacho alikiweka katika sanduku la bati. Mara mbili alikipeleka kwenye ofisi moja kuulizia malipo ya uzee, na mara mbili akaambiwa asubiri. Mara ya tatu hakwenda.

Nilipokuwa mwanafunzi Bukavu, nilipita mbele ya kambi ya jeshi nikasoma jina lake: Saïo. Nilisimama barabarani. Wapita njia niliowauliza hawakujua neno hilo limetoka wapi. Likizo ilipofika nilimkimbilia babu, nikidhani nimemletea zawadi. Nikamwambia kuna kambi nzima inayoitwa kwa jina la vita vyake. Alinyamaza, akauliza, "Na basoda wa mle ndani, wanakula?"

Nilimzika mwaka 1979.

Tarehe 11 Julai 2013 waasi wa ADF waliingia Kamango. Tulikimbilia Bundibugyo, ng'ambo ya mpaka. Ndani ya siku chache tu wakimbizi walipita 60,000. Nilibeba mjukuu, mke wangu akabeba sufuria. Sanduku la bati lilibaki. Tuliporudi lilikuwa wazi, na ndani yake hapakuwa na karatasi hata moja.

Tarehe 8 Juni 2022 nilikuwa Beni, redio ikiwa karibu na sikio. Wakatangaza kwamba Mfalme Philippe wa Ubelgiji, akiwa Kinshasa, amemvisha nishani Kaporali Albert Kunyuku, mwenye umri wa miaka 100, mkongwe wa mwisho wa Vita Kuu ya Pili aliyekuwa angali hai katika nchi yetu. Nilisimama peke yangu chumbani. Nilimfurahia mzee yule kwa moyo wote, kwani alistahili, na nilijua kifua chake kimoja kinabeba deni la vifua vingi. Lakini hesabu ilinichoma. Miaka 77 tangu vita viishe! Wakati babu anachoka kwenda kuulizia, walikuwa hai wengi wa kuvishwa.

Kiangazi kilichofuata nilipata njia ya kwenda Kamango. Nilinunua mfuko wa saruji, tukalitengeneza kaburi lake. Saruji ikiwa bado mbichi nilichukua msumari nikaandika jina lake, na chini yake: SAÏO 1941. Fundi, kijana wa hapohapo, alisoma taratibu, kisha akaniuliza kama huko ndiko mzee alikozaliwa.