Mstari Ule Sikuuandika Mimi

Wadau, leo naungama.

Mwaka jana nilirusha klipu ya sekunde 40. Jambazi la kizungu lenye suti limemnyooshea mzee bastola, halafu mimi nimeingiza sauti: "Mzee, kahawa yako niliinunua ikiwa bado maua. Leo nimekuja kuvuna."

Waliokulia Karagwe na Kyerwa wanaijua butura. Umebanwa na ada au hospitali, unauza kahawa ikiwa bado mtini kwa bei ya kutupa, msimu ukifika anavuna mwingine. Klipu ikasambaa balaa. Watu wakaandika, "Kaka, wewe ni mwandishi." Nikajibu kwa emoji ya moto tu. Sikumsahihisha mtu.

Ukweli ni kwamba mstari ule niliusikia nikiwa darasa la tano, Nkwenda, kwenye kibanda umiza cha maturubai na jenereta. Mzee mmoja alikaa kando ya TV na maiki yake, anatafsiri. Mtindo aliuokota Uganda, alikokuwa akivuka kupitia Murongo. Kiingereza chake kilikuwa cha kuungaunga, Kichina ndiyo kabisa hakijui. Lakini staringi wa Kichina akigeuka kijana wa Kaisho, na filamu ya kisasi ikawa kesi ya butura. Alipousema mstari ule, kibanda kizima kilinyamaza. Wengi wetu wazazi wetu walishawahi kuuza maua.

Ukubwani nikaja kusoma kwamba kazi hiyo ni ya zamani. Mwaka 1935 Waingereza wawili, Notcutt na Latham, walianza kutengeneza filamu Vugiri, kule Usambara, za kufundisha Waafrika kilimo, afya na kuweka akiba. Hadi 1937 walikuwa na filamu kama 35. Picha zilikuwa bubu. Maneno yaliwekwa kwenye santuri, au mtu alishika kipaza sauti akawaeleza watazamaji kwa lugha yao. Notcutt na Latham majina yao yako kwenye jalada la kitabu. Walioshika kipaza sauti je? Hata Lufufu tunamkumbuka kwa sababu sauti yake ilibaki kwenye kanda. Wa Nkwenda hakuna aliyemrekodi.

Desemba nikarudi nyumbani. Nikamkuta mzee kwenye migomba yake.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwanangu. Mjukuu kanionyesha klipu yako."

Nikaishiwa nguvu. Yeye akaendelea kupunguzia majani.

"Umeusema haraka mno. Ukifika 'maua' unatulia kidogo, watu wavute pumzi."

Basi. Hakunigombeza. Nikamuuliza aliutoa wapi, maana kwenye ile filamu haukuwepo.

"Tuliambiwa hivyo mlangoni kwetu," akasema. "Kahawa ilikuwa ya baba."

Nikamwomba nimtaje kwa jina, na picha yake niweke. Akakataa. Aliyeinunua alikuwa jirani, na watoto wake mpaka leo wanasalimiana naye vizuri.

"Jina usiandike. Andika tu kwamba haukuwa wako."

Nimeandika, mzee.

Na wewe mdau, nani alikutafsiria filamu yako ya kwanza? Kama anaruhusu, mtaje hapo chini.