Nchi Iliyoimbwa

Iko nchi iitwayo Narnia ambayo hutaikuta kwenye ramani yoyote. Aliitunga C. S. Lewis, Mkristo aliyezaliwa Belfast mwaka 1898, na jinsi ilivyoumbwa ameieleza katika kitabu cha watoto, The Magician's Nephew, kilichotoka mwaka 1955. Watu wachache wanajikuta mahali penye giza tupu, pasipo hata upepo. Mmoja wao, mwendesha gari la farasi, anawaambia waimbe, naye anaanzisha wimbo wa shukrani ya mavuno. Nampenda sana mtu yule. Kila usharika unaye wa namna hiyo: umeme ukikatika katikati ya ibada, yeye ndiye anayeanzisha pambio. Kisha gizani inasikika sauti nyingine. Nyota zinatokea zote kwa pamoja, zikiitikia. Jua linachomoza na mwimbaji anaonekana: ni simba. Anatembea akiimba, na majani yanaenea kutoka miguuni pake. Wimbo unabadilika, ardhi inafura kama uji unaochemka, na kila kifundo kinapopasuka anatoka mnyama.

Nimewasimulia hadithi hiyo watoto wa Shule ya Jumapili hapa Vigwaza mara nyingi, nikiiweka kando ya Mwanzo 1, ambako Mungu ananena na vitu vinakuwa, na Ayubu 38, ambako nyota zinaimba dunia ikiwekewa misingi. Hawaisahau. Kipande cha wanyama kutoka udongoni huniagiza nikirudie.

Mwaka jana mama mmoja anayeuza mahindi ya kuchoma karibu na mizani ya malori alinisubiri baada ya ibada. Binti yake ana miaka tisa. Homa ya uti wa mgongo ilimwondolea usikivu kabla hajaanza shule. Wenzake walikuwa wamemwigizia hadithi kwa mikono hadi nyumbani.

“Mwalimu,” aliniuliza, “hiyo nchi imeumbwa kwa kuimba. Huyu wangu ataijuaje?”

Nilimwambia, “Dada, nipe muda.” Sikutaka kumjibu haraka, kwa sababu ameshajibiwa haraka na wengi. Amempeleka mtoto kwenye maombezi huku na huku. Mtoto amewekewa mikono, amepakwa mafuta, amepigiwa makofi nyuma ya kichwa ili ionekane kama atageuka. Mahali pamoja mama aliambiwa imani yake ndiyo haba. Hilo mimi nalikataa. Mwanamke anayemvalisha mtoto viatu kila Jumapili na kumleta mahali ambapo hatasikia hata neno moja, imani yake haipimiki hata kwenye mizani ile ya malori.

Nilikirudia kitabu. Nikakuta kwamba ndani yake yumo mtu mwenye masikio mazima asiyesikia: Mjomba Andrew. Wimbo ulimfikia kama ulivyowafikia wenzake, lakini haukumpendeza, akajishawishi kwamba simba hawezi kuimba. Akajishawishi hadi ikawa kweli kwake, na mwisho akawa hasikii kitu ila ngurumo ya mnyama.

Nikasoma tena Marko 7, habari za kiziwi aliyeletwa kwa Yesu. Tunakimbilia neno Efatha, na ni haki yetu. Lakini tazameni kinachotangulia. Anamtoa katikati ya watu, wawe wawili. Anamtia vidole masikioni. Anamgusa ulimi. Anatazama juu mbinguni, anaugua. Yote hayo mtu asiyesikia anaweza kuyaona na kuyahisi mwilini. Bwana alianza kuzungumza naye kwa lugha aliyokuwa nayo, masikio yakiwa bado yamefunga.

Tena sauti yenyewe ni mtikisiko. Sikio ni mlango mmoja tu wa kuipokea. Evelyn Glennie, Mskoti, alikuwa amepoteza sehemu kubwa ya usikivu alipofika miaka 12, na bado akawa mpiga ngoma anayejulikana duniani. Hupiga akiwa peku ili miguu yake ihisi. Kwa hili sisi wa Vigwaza hatuhitaji kufundishwa na mtu wa mbali. Usiku malori yakijipanga kwenye mizani, na mengine yakikata kona kuelekea bandari kavu ya Kwala, vikombe hutetemeka kabatini. Mimi hukereka na kujifunika shuka. Binti yule huweka kiganja ukutani, na mama yake anasema humwonyesha kwa vidole lipi limebeba na lipi ni tupu.

Haya yote nilimweleza mama, tukiwa tumekaa kwenye benchi lake huku akipepea mkaa. Alilia kidogo, akaniuzia muhindi, akakataa kunipunguzia bei. Bado tunamwombea mtoto, na bado hasikii.

Siku hizi hukaa kando ya ngoma kubwa ya kwaya, kiganja kikiwa ubavuni mwake. Msimu wa mvua ngozi hulegea, na vijana huipasha moto nyuma ya kanisa kabla ya ibada. Jumapili iliyopita mpigaji aliijaribu, akaridhika, akataka kuiingiza ndani. Binti akatikisa kichwa. Akaipiga tena, akatikisa tena. Wakairudisha motoni, ibada ikachelewa kidogo.