Hamali Barazani pa Tajiri



Kabla sijakusimulia habari za Sindbad Baharia, tuliangalie kwanza neno moja: tajiri. Wewe uliyejifunza Kiswahili darasani hapa Uganda utaniambia mara moja kuwa tajiri ni mtu mwenye mali nyingi. Ni kweli. Lakini neno hilo limetoka katika Kiarabu, na huko maana yake ni mfanyabiashara, hata kama bidhaa yake ni kikapu kimoja cha ndimu. Lilipoingia katika Kiswahili likapanda cheo: mfanyabiashara akawa mwenye mali, na mwenye mali akawa pia bwana anayeajiri wengine. Ndiyo maana utawasikia vibarua wakisema, "Tajiri hajafika."

Sindbad ni tajiri kwa maana zote hizo. Masimulizi yake, yaliyomo katika Alfu Lela Ulela, yanamweka Baghdad katika zama za Khalifa Harun al-Rashid, aliyetawala kuanzia mwaka 786 hadi 809. Mji huo ni wa kweli. Dunia anayoisafiri ni ya kubuniwa. Humo kisiwa hugeuka kuwa mgongo wa samaki, ndege aitwaye rukhu huwalisha makinda wake ndovu, na bonde zima limejaa almasi na majoka. Nilipokuwa na umri wako niliyapenda sana mambo hayo. Siku hizi anayenivuta zaidi ni mtu asiyesafiri kokote, yule hamali.

Siku moja ya joto kali, hamali anautua mzigo wake kwenye baraza ya nyumba ya fahari. Anasikia ngoma na vinanda, ananusa vyakula, naye anamlalamikia Mungu kwamba wengine wamepewa raha na yeye amepewa mizigo. Mwenye nyumba anamsikia. Hamfukuzi, anamwita ndani, anamlisha, kisha anamwambia kwamba mali yote hii imepatikana kwa taabu. Kwa siku saba anamsimulia safari saba, na humpa vipande 100 vya dhahabu kila wanapoagana. Hamali anakula, anasikiliza, anashukuru na kwenda zake.

Msikilize vizuri tajiri huyu, maana hafichi kitu. Anakiri kwamba babake alimwachia mali nyingi, akaitapanya ujanani, na alipouza mabaki akapata dirhamu 3,000 za kuanzia biashara. Je, hamali aliwahi kurithi nini? Hilo haliulizwi.

Halafu inakuja safari ya nne. Sindbad anafika katika nchi ambayo watu wake hawajui tandiko la farasi. Anamtengenezea mfalme moja, anapata heshima, anaozwa mke. Hajui kwamba nchini humo mume akifiwa huzikwa hai pamoja na mkewe. Mkewe anafariki, naye anateremshwa kwa kamba katika pango la wafu, na mtungi wa maji na mikate saba. Chakula kinapokwisha, analetwa maiti wa mwanamume na mjane wake aliye hai, naye amepewa mikate na maji yake. Sindbad anaokota fupa la mguu, anampiga mjane kichwani mpaka anakufa, anakula mikate yake. Kila anayeteremshwa hai baadaye anamfanyia vivyo hivyo. Mwishowe anagundua tundu linalotokea baharini, anakusanya vito na mikufu ya wafu, anapanda jahazi. Mabaharia hawaambii habari za pango, asije akawamo mtu wa nchi ile. Hamali, lakini, anaambiwa yote, mezani, sahani ikiwa mbele yake.

Kwa miaka mingi nilipowasomea wanafunzi kisa hiki niliruka ukurasa huo. Nilijiambia kwamba ni wachanga. Mwaka mmoja msichana wa kidato cha pili alikuwa amekisoma chote mwenyewe, akanyoosha mkono: "Mwalimu, yule mjane wa kwanza aliitwa nani?" Hana jina. Nilimjibu hivyo, nikaendelea na ngeli za nomino kana kwamba swali lilikuwa la sarufi.

Swali hilo lilinirudia usiku, na sababu yake naijua. Miezi michache kabla, walimu wa mtaa wetu tulialikwa na tajiri mmoja aliyekuwa akitafuta kura. Tulikula pilau. Alitusimulia jinsi alivyoanza na baiskeli moja kuukuu, jinsi alivyolala njaa, jinsi alivyoibiwa na wenzake. Alisimulia vizuri, wallahi. Akataja kwa kupitia tu kwamba bohari lake la kwanza lilijengwa penye kinamasi, "baada ya wale watu kuhama". Hapana aliyeuliza wale watu ni kina nani. Tulipotoka kila mmoja alipewa bahasha ya nauli. Mimi ninaishi mwendo wa dakika kumi kwa miguu kutoka pale.

Sheria yetu ya uchaguzi wa wabunge ya mwaka 2005 inamhesabu kuwa mkosaji anayempa mpiga kura fedha ili kumshawishi, na pia yule anayeipokea. Ninaijua kwa kuwa ninaifundisha. Bahasha niliipokea, nikanunua viatu vya mwanangu.

Tulialikwa tena. Safari hiyo nilikwenda na swali langu nimeliandika kwenye kipande cha karatasi, maana nilihofu ulimi ungenisaliti. Nilisimama nikamwuliza: wale waliokaa penye kinamasi walihamia wapi, na walilipwa na nani? Alinitazama kitambo. Akasema ni swali zuri, kisha akamwashiria kijana wake alete soda. Walimu wenzangu waliinamia sahani zao. Wakati wa kuagana, bahasha zilikuwa zimepangwa mezani karibu na mlango, kila moja na jina juu yake. Nilizipitia mara mbili. Langu halikuwamo.