Wapiga Mbizi wa Bahari ya Wakati

Mtunzi wa hadithi aweza kubuni tarika ya wapiga mbizi ambao bahari yao si ya maji ila ya wakati. Aweza kuwapa viapo, sheria na mkuu wa kuwaongoza. Akawashusha karne baada ya karne, kisha akawapandisha na habari za watu waliosahauliwa. Msomaji atafurahi, atafunga kitabu, na kusema kuwa watu wa namna hiyo hawapo. Mimi hufundisha Nakuru, nami nasema wapo. Bahari yao i chini ya nyayo zetu.

Tuanze karibu na nyumbani. Kiasi cha kilometa nne kutoka katikati ya mji, kando ya barabara ya Nairobi, kipo kilima cha mawe kiitwacho Hyrax Hill, yaani kilima cha pimbi. Louis Leakey alitambua thamani yake mwaka 1926, na Mary Leakey alipachimba mwaka 1937 na 1938. Ukisimama kileleni waliona Ziwa Nakuru chini yako. Miaka elfu tisa hivi iliyopita, ziwa hilo na Ziwa Elementeita yalikuwa ziwa moja kubwa, na maji yake yalifika mguuni pa kilima. Hivyo neno bahari si la mapambo matupu: mahali tunapolima na kujenga leo palikuwa na mawimbi.

Sasa na tuzame. Juu kabisa, katika mwamba, vimechongwa vishimo vya bao. Wazee walicheza hapo na kubishana, kama wachezavyo na kubishana wazee wa leo. Tukishuka kidogo twakuta mabonde madogo ya duara, ambayo yalikuwa mazizi ya wafugaji wa karne chache zilizopita. Tukishuka tena twafika makaburini mwa watu waliotumia zana za mawe, na baadhi ya wanawake wao walilazwa pamoja na vyombo vya mawe. Na mwenye pumzi ndefu asafiri mpaka Kariandusi, karibu na Gilgil. Huko yamelala mashoka ya mkono yaliyochongwa na viumbe wa ukoo wetu kati ya miaka 700,000 na 1,000,000 iliyopita. Mengi ni ya jiwe jeusi ling'aalo kama kioo, lililozaliwa na moto wa volkano.

Vyombo vya wapiga mbizi hawa ni duni: mwiko kama wa mwashi, brashi, chekeche, kamba ya kupimia, kalamu na daftari. Hufukua udongo kwa unene wa vidole, tabaka baada ya tabaka, maana kwa kawaida tabaka la chini ndilo lililotangulia kulala. Walakini sheria yao kuu ni moja: kitu kisiondolewe kabla ya kuandikwa mahali kilipolala, kina chake, na jirani zake. Hapo ndipo wanapotofautiana na mzamia lulu. Lulu ikitolewa baharini haipungukiwi na kitu. Ni lulu ile ile mkononi mwa mvuvi na shingoni mwa bibi arusi. Lakini jiwe la kale likinyakuliwa kutoka tabakani mwake limekuwa bubu. Uzuri wake utabaki, habari zake zitakuwa zimekufa.

Siku moja niliwapeleka wanafunzi wangu Kariandusi. Msichana mmoja alitazama shoka la jiwe kwa muda mrefu, kisha akaniuliza, "Mwalimu, aliyelichonga alikuwa na jina?" Wenzake walicheka, lakini mimi sikucheka, kwa kuwa sijasikia swali bora kuliko hilo. Nilimjibu, "Binti yangu, kama alikuwa na jina, limepotea, wala hakuna atakayelipata. Kilichobaki ni mahali alipoketi. Vipande alivyovibandua vilianguka mbele yake, na pale vilipoanguka ndipo tunapojua kuwa mtu alikaa hapa, akafanya kazi, akaondoka." Akaniambia, "Basi mwenye kulichukua jiwe amemfukuza mahali pake." Sikuwa na neno la kuongeza.

Tarika hii haina mlango wa ukoo wala wa utajiri. Mmoja wa wapiga mbizi wake mashuhuri duniani alikuwa Mkenya mwenzetu, Kamoya Kimeu, aliyefariki mwaka 2022. Masomo yake ya shule yalikuwa machache, lakini macho yake yalikuwa yamesoma sana. Mwaka 1984, katika bonde letu hili hili la ufa, mbali kaskazini huko Nariokotome, magharibi ya Ziwa Turkana, alitambua kipande kidogo cha fuvu katikati ya kokoto zilizofanana nacho. Kipande hicho kiliwaongoza wenzake kwenye mifupa ya kijana aliyeishi kadiri ya miaka milioni moja na nusu iliyopita. Wengine wangalipita na kuona kokoto tu.

Nakuru ilipewa hadhi ya jiji mwaka 2021, na jiji halikui bila kuchimba. Twachimba misingi, mitaro, visima na vyoo. Twachimba mawe ya kujengea na mchanga. Hapana ubaya katika hayo, kwa kuwa walio hai nao wahitaji makao. Lakini shimo la choo laweza kushuka miaka elfu katika asubuhi moja, na mchimbaji asijue amepita nyumbani mwa nani. Sheria ya Makumbusho ya Taifa na Urithi ya mwaka 2006 yamtaka mwenye kugundua kitu cha kale atoe habari. Lakini sheria haina macho. Macho ni yenu, ninyi mnaotumwa kusaidia kazi shambani na penye ujenzi.

Basi, kijana, jembe lako likigonga jiwe lililochongwa kwa mkono, au mfupa usiofanana na mifupa ya ng'ombe wenu, usilitie mfukoni wala usilitupe kando. Liache lilipolala, weka alama, ukawaite wenye kujua. Kwa kufanya hivyo utakuwa umeishika sheria kuu ya tarika hii, na mtu aliyepoteza jina lake hatapoteza na mahali pake.