Ile Namba 0.09

Mwanangu, umeniuliza ile 0.09 iliyomo kwenye programu yako ya mikondo ilitoka wapi. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 nilikuwa London, Imperial College, pale South Kensington, walikokuwa watafiti wa mikondo akina Launder na Spalding. Waingereza walikuwa ndiyo kwanza wamebadili pesa zao, Februari 1971, na mkahawani wazee bado walikokotoa shilingi za zamani kichwani kabla ya kulipia kikombe cha chai peni 4. Programu tulizitoboa kwenye kadi, mstari mmoja kadi moja, tukazifunga kwa mpira na kuzikabidhi dirishani. Majibu yakaja kesho yake kwenye makaratasi mapana yanayonuka wino. Kadi moja ikipinda, siku imepotea.

Milinganyo ya Navier na Stokes, inayoeleza mwendo wa hewa na maji, ilijulikana tangu karne ya 19. Taabu ni kwamba mkondo wenye msukosuko una mizunguko mikubwa inayozaa midogo, na midogo ikazaa midogo zaidi, hata mashine ikakosa pa kuiweka. Mwaka 1972 kule Marekani, Orszag na Patterson waliikokotoa yote bila kukisia, lakini katika kisanduku cha nukta 32 kila upande. Sisi wa mabomba na matanuri tulishika wastani wa mkondo, kama Reynolds alivyoonyesha mwaka 1895, tukaongeza milinganyo miwili: mmoja wa nishati ya msukosuko, wa pili wa jinsi nishati hiyo inavyopotea. Humo ndimo ilimo 0.09.

Nayo ilitoka kwa watu wa vipimo. Namkumbuka fundi mmoja, mrefu, koti lake likinuka tumbaku, akichomelea chini ya hadubini waya mwembamba kuliko unywele. Waya hupashwa moto kwa umeme, upepo huupoza, nawe unasoma kasi. Kwa miaka mingi, katika maabara za nchi mbalimbali, wenzake walipima hewa inayopita kando ya ukuta wakaona kwamba nguvu ya tabaka moja kuivuta nyingine ni kama 0.3 ya nishati ya msukosuko. Zidisha 0.3 kwa 0.3.

Lakini hesabu hiyo inasimama pale tu msukosuko unapozaliwa kwa kiasi kile kile unachokufa. Hewa ikizungushwa kwa nguvu ndani ya tanuri, au ikibanduka kwenye ukuta, kuzaliwa na kufa havilingani tena, na modeli hiyo ya milinganyo miwili inakosea vibaya. Basi kabla hujaniletea picha za rangi za programu yako, niambie kwanza mkondo wako ni wa aina gani, na ni nani aliyewahi kuupima.